Sungura Mmoja, Sungura Wengi

Kule Unguja, kwenye mashamba ya zamani ya karafuu, wachunguzi wa mambo ya kale wanapochimba ardhi hukuta vigae vya mabakuli meupe yaliyochorwa maua. Wakivisafisha na kuvigeuza, mara nyingine huona chini yake mhuri wa kiwanda, na ndani ya mhuri huo neno ambalo si la Kiarabu wala la Kihindi: Maastricht. Mabakuli hayo yalifika pwani yetu katika karne ya 19, yamepakiwa merikebuni pamoja na bidhaa nyingine za Ulaya. Bibi wa bibi yako, kama alikuwa mtu wa pwani, huenda alikula wali katika bakuli la Maastricht bila kujua kama Maastricht ni mji au ni jina la mtu.

Basi leo, wajukuu zangu, nawapeleka huko. Maastricht ni mji, uko kusini kabisa mwa Uholanzi. Na watu walioyatengeneza mabakuli yale hawakuwa wakipiga soga kwa Kiholanzi. Walikuwa na lugha yao, wenyewe wakiiita Mestreechs, na jina hilo halijabadilika mpaka leo. Ni mojawapo ya lahaja za Kilimburgi, lugha ya watu wa Limburg, na ina jambo moja la ajabu ambalo nitawaambia tukifika katikati ya safari. Msiniharakishe.

Chukueni ramani ya Uholanzi. Sehemu kubwa ya nchi imekaa kaskazini na magharibi, karibu na bahari, tambarare na yenye maji kila upande. Lakini upande wa kusini-mashariki kuna kipande kirefu kinachoning'inia, kimebanwa kati ya Ubelgiji na Ujerumani. Huo ndio mkoa wa Limburg. Mahali fulani umekuwa mwembamba hata kutoka mpaka mmoja hadi mwingine ni kama kilomita 5 tu: mtu akitoka Ubelgiji baada ya chai ya asubuhi, atakuwa Ujerumani kwa miguu kabla jua halijawa kali. Ng'ambo ya pili, ndani ya Ubelgiji, kuna mkoa mwingine unaoitwa vilevile Limburg. Mikoa miwili, nchi mbili, jina moja. Kisa chake kinakuja.

Katikati ya yote hayo unapita mto Maas. Unaanzia Ufaransa, unakatiza Ubelgiji, kisha unaingia Uholanzi karibu na Maastricht na kuupasua mji huo sehemu mbili. Nchi hapa ina vilima, kitu ambacho Waholanzi wengine hufunga safari kuja kukitazama. Kilele cha Vaalserberg, mahali ambapo Uholanzi, Ubelgiji na Ujerumani zinakutana, kina urefu wa mita 322, na hakuna sehemu ya juu kuliko hiyo katika Uholanzi yote ya Ulaya. Nyinyi wa Moshi, acheni kucheka.

Chini ya vilima kuna jiwe laini la rangi ya manjano hafifu, linaloitwa mergel, ambalo watu walilikata kwa misumeno kwa mamia ya miaka wakajengea nyumba na makanisa. Ndani ya kilima cha Sint-Pietersberg, kando ya Maastricht, uchimbaji huo umeacha mahandaki mengi mno, mtu asiye na kiongozi hupotea. Humo ndimo lilimoonekana, katika karne ya 18, fuvu la mnyama mkubwa wa baharini wa zama za madinosaria. Wanasayansi walimpa jina la Mosasaurus, yaani mjusi wa mto Maas. Jeshi la Ufaransa lilipouteka mji mwaka 1794 lililichukua fuvu hilo hadi Paris, na huko liko hadi leo. Na zama za mwisho kabisa za madinosaria, kabla hawajatoweka, wataalamu wa miamba duniani kote huziita kwa jina la mji huu. Ningeweza kuwasimulia habari za mjusi huyo mpaka usiku, ila leo tumekuja kwa ajili ya lugha.

Lugha hii imekaa njiapanda, kama mji wenyewe. Warumi ndio waliojenga daraja la kwanza hapa, karibu miaka 2,000 iliyopita, na jina Maastricht limetokana na maneno yao yenye maana ya kivuko cha mto Maas. Daraja hilo na yaliyolifuata yalihudumu mpaka mwaka 1275, ambapo daraja la mbao lilivunjika wakati msafara wa kidini ukipita juu yake, watu wengi wakafa maji. Wakajenga jingine la mawe, la Mtakatifu Servatius, lililokamilika karibu na mwaka 1300. Hilo, baada ya matengenezo mengi, watu wanalivuka mpaka sasa kwenda sokoni.

Penye kivuko hapakosi wageni, na wageni wengine huja na mizinga. Maastricht ulizingirwa na majeshi mara nyingi. Mwaka 1673 alikuja mfalme wa Ufaransa, Louis wa 14, mwenyewe. Katika vita hivyo alipigwa risasi akafa nahodha mmoja aitwaye d'Artagnan. Kama mmewahi kusikia kisa cha wale askari watatu mahodari wa panga, basi huyo ndiye d'Artagnan wa kweli, aliyeishi kabla mwandishi Alexandre Dumas hajamtia kitabuni. Zaidi ya miaka 100 baadaye Wafaransa walirudi, wakautawala mji kwa miaka 20, kuanzia 1794 hadi 1814.

Walipoondoka waliacha maneno yao. Matajiri wa mji waliendelea kuzungumza Kifaransa sebuleni kwa muda mrefu, na mji mkubwa wa Liège, ambako Kifaransa ndiyo lugha ya kila siku, uko kilomita 30 hivi tu kwa kuufuata mto. Kwa hiyo mama wa Maastricht anayemhimiza mtoto wake aharakishe humwambia neno avvenseere, ambalo Mfaransa akilisikia atatambua mara moja kwamba limetoka kwao. Upande wa Ujerumani nako wameazima, au tuseme wamerithi pamoja: Mholanzi akitaka kusema "mimi" husema ik, Mjerumani husema ich, watu wengi wa Limburg nao husema ich, na mtu wa Maastricht, ambaye hapendi kufanana na yeyote, husema iech.

Hapo mtu atasema: kumbe hiki ni Kiholanzi kilichochanganywa na Kijerumani na Kifaransa. Si hivyo. Kilimburgi hakikuzaliwa na Kiholanzi. Vilikua pamoja, ndugu wawili katika ukoo mkubwa. Katika karne ya 12, wakati Kiholanzi sanifu cha vitabuni hakijawaziwa na mtu yeyote, mshairi aitwaye Hendrik van Veldeke, mtu wa upande wa Hasselt, alitunga kwa lugha ya nyumbani kwake utenzi mrefu juu ya maisha ya Mtakatifu Servatius, askofu aliyezikwa Maastricht. Utenzi huo ni miongoni mwa kazi za kale kabisa za fasihi katika nchi hizo, na hata Waholanzi huuhesabu kuwa wao.

Sasa lile jambo la ajabu.

Twendeni kidogo kaskazini, katika mji wa Roermond, ambao wenyewe wanauita Remunj. Hapo sungura anaitwa knien. Sungura mmoja ni knien. Sungura kumi ni nini? Ni knien. Hakuna herufi inayoongezeka, hakuna inayopungua. Mguu mmoja ni bein, na miguu yote miwili ni bein. Ukiyaona maneno hayo kwenye karatasi huwezi kujua anasemwa mmoja au wengi. Lakini mtu wa Roermond akiyatamka, hata mtoto mdogo anajua. Namna gani? Kwa sauti.

Limburg kuna toni mbili. Moja ni ya kuburuta: unaishika irabu, unaivuta, sauti inachukua muda wake kabla ya kutua. Nyingine ni ya kusukuma: sauti inaanzia juu na kuporomoka papo hapo. Liburute neno knien, umemtaja sungura mmoja. Lisukume, umemtaja yeye na jamaa zake wote. Jaribuni. Msione haya, hapa hakuna mtu wa kuwacheka. Burutaaa: mmoja. Sukuma: wengi. Mwindaji wa Roermond akimwita mwenzake kwa sauti isiyo sahihi, huyo mwenzake atakuja na kapu dogo mno.

Maastricht nako toni hizo zina kazi. Kuna neno moja ambalo kwa toni hii maana yake ni kucheza, na kwa toni ile maana yake ni kusuuza. Namwonea huruma mtoto aliyesimama mlangoni, anamsikia mama kwa mbali, hajui kama ameruhusiwa kutoka au ameitwa kwenye vyombo.

Kwetu wazungumzaji wa Kiswahili jambo hili ni geni, maana Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho na kuendelea na safari. Isipokuwa maneno machache kama barabara, ambayo ukiisisitiza kwingine inaacha kuwa njia na kuwa "sawasawa". Lakini msomaji wa Bujumbura au Kigali ananielewa kabla sijamaliza, na wa Nyeri pia, na wa Kinshasa, kwa sababu Kirundi, Kinyarwanda, Kikikuyu na Kilingala vyote hutumia kupanda na kushuka kwa sauti kutenganisha maana. Kati ya lugha za Bantu, Kiswahili ni miongoni mwa chache zilizoiacha mila hiyo. Ulaya ni kinyume: huko lugha nyingi hazina toni, na zile chache zilizo nazo, kama Kinorwe, Kiswidi, Kilituania na Kiserbia, ziko mbali na Limburg. Majirani pekee wa Limburg wenye mchezo huu ni Wajerumani wa upande wa mji wa Cologne na watu wa mto Mosel hadi Luxembourg.

Toni hizo zilitoka wapi? Wataalamu wamebishana sana, na mmoja wao, Carlos Gussenhoven, ametumia miaka mingi akisikiliza vinywa vya watu wa Roermond, Venlo na Maastricht. Maelezo yanayonivutia ni haya. Zamani wingi wa maneno mengi ulikuwa na irabu ya ziada mwishoni. Watu wakawa wavivu, kama watu wote, wakaimeza ile irabu. Lakini ilipomezwa, sauti yake haikuondoka. Ilibaki ndani ya neno, ikabadilisha mwendo wa silabi iliyotangulia. Kwa hiyo mtoto wa leo anaposukuma sauti kusema sungura wengi, anatamka kivuli cha irabu ambayo imekufa kwa mamia ya miaka. Sijui nyinyi, lakini mimi jambo hilo hunisisimua kuliko mjusi wa Sint-Pietersberg.

Turudi kwenye mpaka, maana niliwaahidi.

Mwaka 1830 watu wa kusini mwa ufalme wa Uholanzi waliasi, wakaunda nchi mpya, Ubelgiji. Karibu Limburg yote iliingia upande wa waasi. Maastricht peke yake ulibaki mikononi mwa mfalme wa Uholanzi, kwa sababu ndani ya kuta zake kulikuwa na jeshi chini ya jenerali Dibbets, mtu mkali, aliyeyafunga malango ya mji na kukataa kuyafungua. Wenyeji hawakuulizwa. Hali hiyo iliendelea kwa miaka tisa. Kisha mwaka 1839 wakubwa wa Ulaya walikutana London wakatia saini mkataba, wakaikata Limburg vipande viwili: magharibi kwa Ubelgiji, mashariki pamoja na Maastricht kwa Uholanzi. Kwa masafa marefu kidogo mto Maas wenyewe ukafanywa mpaka. Vijiji vilivyokuwa vikitazamana kwa kuvuka maji, vikioana na kuuziana ng'ombe, viliamka vikiwa katika nchi mbili. Lugha ilibaki ileile kwenye kingo zote mbili, na mtu wa Maaseik upande wa Ubelgiji bado anaelewana na jirani yake wa ng'ambo.

Kuna mahali mpaka unachekesha zaidi. Mashariki, katika mji wa Kerkrade, mpaka wa Uholanzi na Ujerumani unapita katikati ya barabara. Nyumba za upande huu ziko Uholanzi, za upande ule ziko Ujerumani, katika mji wa Herzogenrath. Zamani palikuwa na ukuta mfupi katikati. Siku hizi hakuna kitu, unavuka kununua mkate nchi ya nje na kurudi kabla chai haijapoa. Wazee wa pande zote mbili huzungumza lahaja moja. Wataalamu hata husema lahaja ya Kerkrade si Kilimburgi kamili, bali ni ndugu wa lahaja ya Cologne, kwa sababu wao "kufanya" husema maache, na Limburg kwingine husema make. Wenyeji wa Kerkrade huwasikiliza wataalamu kwa heshima, kisha huendelea kuzungumza.

Maana Kilimburgi hakina sura moja. Hakuna mtu anayezungumza "Kilimburgi" tu. Mtu huzungumza lahaja ya mji wake au ya kijiji chake, na anaweza kukuambia jirani yake anakosea wapi. Maastricht jiwe ni stein. Ukienda mashariki, sehemu nyingi husema sjtein, wakianza na sauti kama "sh" yetu. Hiyo peke yake inatosha kumjulisha mtu umetoka upande gani. Vibao vya barabarani vinapokukaribisha mjini, vingi vimeandikwa majina mawili, la Kiholanzi na la nyumbani: Sittard na Zittert, Heerlen na Heële, Weert na Wieërt.

Huko Heerlen na Kerkrade kulikuwa na migodi ya makaa ya mawe. Ilileta watu kutoka Uholanzi ya kaskazini, Ujerumani, Poland, Slovenia na Italia, wote wakishuka gizani pamoja. Mwenzako alikuwa koempel wako, rafiki unayemkabidhi uhai wako. Juu ya ardhi, wageni wengi na wenyeji walikutana katika Kiholanzi, nacho Kiholanzi cha Heerlen kikapata ladha yake, mpaka mtaalamu Leonie Cornips akakifanyia utafiti. Kisha tarehe 17 Desemba 1965 waziri Joop den Uyl alifika Heerlen akatangaza kwamba migodi itafungwa. Wa mwisho ulifungwa mwaka 1974. Maelfu walipoteza kazi, na lahaja ya mtaani ilidhoofika huko kuliko Maastricht.

Kwa nini Maastricht ilisimama imara? Nina maoni yangu. Turudi kiwandani.

Mwenye kiwanda alikuwa Petrus Regout, aliyeishi kuanzia 1801 hadi 1878. Alianza na biashara ya vioo, akaingia kwenye vyombo vya udongo, akawa tajiri mkubwa. Baadaye mhuri wa vyombo vya kiwanda chake ulikuwa na picha ya sfinksi, yule simba mwenye kichwa cha binadamu wa Misri. Wafanyakazi wake waliishi vibaya. Vumbi liliharibu mapafu yao, na watoto wa rika lenu walifanya kazi humo, wengine hata usiku, kabla sheria ya mwaka 1874 haijakataza kuwaajiri viwandani walio chini ya miaka 12. Mkiona bakuli zuri la zamani la Maastricht, kumbukeni hilo pia.

Katika miji mingi ya Ulaya mambo yalikwenda hivi: maskini wakabaki na lahaja, matajiri wakaiacha na kuanza kuidharau. Maastricht haikuwa hivyo. Tajiri alijua Kifaransa, na Kiholanzi alipolazimika, lakini na yeye alizungumza Mestreechs. Ila alikuwa na yake. Mpaka leo watu hutofautisha Mestreechs fupi ya wenye nafasi na Mestreechs ndefu ya mitaa ya wafanyakazi, ambao huzivuta irabu zaidi. Mwenyeji akisikia maneno mawili anajua umekulia mtaa gani. Hilo lina uchungu wake, lakini lina faida: hakuna mtu wa Maastricht aliyeweza kusema kwamba lugha hii ni ya watu duni, kwa kuwa meya naye aliizungumza. Lugha ambayo mwenye kiwanda na mfinyanzi wote wanaitumia kutukanana haifi upesi.

Na watu hawa wanaipenda lugha yao kwa majivuno ya mzaha. Maandishi ya zamani kabisa ya Mestreechs tuliyo nayo ni ya karne ya 18, nayo ni hotuba ya kuchekesha, imetungwa kama mahubiri ya kanisani, ikitangaza kwa Kilatini cha mchezo kwamba kati ya lugha zote za dunia hakuna inayoishinda ya Maastricht. Inaaminika iliandikwa kwa ajili ya kanivali. Baadaye mwandishi Alphonse Olterdissen, aliyefariki mwaka 1923, alitunga kwa Mestreechs michezo ya kuchekesha yenye nyimbo, na wimbo wa kumalizia mmojawapo ndio uliofanywa wimbo rasmi wa mji mwaka 2002. Nadhani ni miji michache duniani yenye wimbo rasmi uliotoka kwenye vichekesho.

Kanivali nimeitaja, hiyo ndiyo siku kuu ya lugha. Kwa lahaja yao ni Vastelaovend, nayo huchukua siku tatu kabla ya Jumatano ya Majivu, yaani kabla Wakristo Wakatoliki hawajaanza Kwaresima. Namba ya wajinga na wacheshi ni 11, kwa hiyo msimu hufunguliwa tarehe 11 mwezi wa 11, saa 11 na dakika 11. Kwa saa zao, lakini. Kwa saa zetu ni saa tano na dakika 11, na mzaha wote unaharibika. Kanivali yenyewe ikifika, mzinga hupigwa mara 11 katika uwanja wa Vrijthof na sanamu kubwa ya mwanamke hupandishwa juu ya mlingoti. Huyo ni Mooswief, mama muuza mboga. Wengine huweka mfalme, mji huu umemweka mama wa sokoni. Mitaani hupita bendi za matarumbeta zinazopuliza vibaya makusudi, watu wamejipaka rangi usoni, na kila mwaka hutungwa nyimbo mpya. Zote kwa lahaja. Mtu anayezungumza Kiholanzi ofisini mwaka mzima, siku hizo tatu hathubutu.

Chakula nacho hakikosi: zoervleis, nyama iliyolazwa kwenye siki, zamani ya farasi, ikapikwa na mkate wa viungo mpaka mchuzi ukawa mzito, mchachu na mtamu kwa pamoja. Na vlaai, mkate mpana wa duara uliojazwa matunda, au wali wa maziwa.

Wasomi na wapenzi wa lugha walianzisha chama chao mwaka 1926, wakakiita Veldeke, jina la yule mshairi wa karne ya 12. Chama hicho bado kipo, kinachapisha, kinasahihisha tahajia, kinafundisha. Mwaka 1997 serikali ya Uholanzi ilikitambua Kilimburgi kuwa lugha ya eneo, chini ya mkataba wa Ulaya wa kulinda lugha ndogo, na mwaka 2019 serikali na mkoa zikatia saini makubaliano ya kukikuza. Ubelgiji haijakitambua kwa namna hiyo, ingawa upande wake ndiko alikozaliwa Veldeke mwenyewe. Na msidhani ni lugha ya wazee na vitabu tu: kuna bendi iitwayo Rowwen Hèze, iliyoanza mwaka 1985 katika kijiji cha kaskazini mwa Limburg kinachoitwa, naapa, America. Wanaimba kwa lahaja ya kijijini kwao, na Waholanzi wasioielewa hujaza kumbi kuwasikiliza.

Hata hivyo kuna wasiwasi, na wasiwasi huo ni juu ya watoto. Shule ni Kiholanzi. Wazazi wengi wanaozungumziana kwa lahaja, mtoto akizaliwa humgeukia na kuanza Kiholanzi, wakiogopa asije akachelewa darasani. Hofu hiyo haina msingi; nusu yenu mnaonisoma mlianza na lugha nyingine nyumbani kabla ya Kiswahili, na hapa mnasoma. Lakini hofu haihitaji msingi ili ifanye kazi. Maastricht nayo siku hizi ina chuo kikuu kilichojaa wanafunzi wa kigeni, na katika mikahawa mingi ya katikati ya mji utasikia Kiingereza kabla ya Mestreechs.

Basi mmoja wenu akijaliwa kufika huko, aende sokoni Jumatano au Ijumaa, siku za gulio katika uwanja mbele ya ukumbi wa mji, asimame karibu na wauza mboga na kusikiliza. Awasalimie. Asijaribu habari ya sungura siku ya kwanza. Na jambo moja nawaomba: msimwambie mtu wa Maastricht kwamba anazungumza Kiholanzi kibovu. Wazee wa pale waliambiwa hivyo walipokuwa watoto, na hawapendi kulisikia tena.